Marehemu Aliyeshika Kioo

Enzi zetu, kule kwetu karibu na Ndhiwa, Jumamosi ilikuwa siku ya kufa. Wenzangu mliokulia upande ule zama za kaseti mnajua ninachosema. Asubuhi tulifua sare za shule tukazianika juu ya ua wa minyaa, tukala viazi vitamu na chai ya rangi, kisha tukatimua mbio kwenda kwa Dairekta Abuto kuuawa. Waliobahatika waliliwa na mamba. Wasiobahatika walikuwa maiti tu, wakalala kwenye nyasi wakitambaliwa na siafu huku wamekatazwa kujikuna.

Dairekta Abuto alikuwa mtengenezaji wa filamu, wa kwanza na wa mwisho niliyewahi kumjua ana kwa ana. Alianza kwa kurekodi harusi na matanga, kwa kamera kubwa ya begani aliyoachiwa na shemeji yake aliyekuwa na duka mjini Homa Bay. Kisha kwenye harusi moja ng'ombe dume alikata kamba, akapita katikati ya wageni, akaikanyaga keki. Watu waliomba kuonyeshwa mkanda ule tena na tena, hata wasiowajua maharusi. Abuto akaona kwamba binadamu hachoki kutazama balaa la mwenzake. Tangu hapo harusi zikawa za kumpatia mkate tu, roho yake ikahamia kwenye mambo ya mamba, majini na damu.

Na damu haikukosekana. Aliipika mkewe kwenye sufuria: rangi nyekundu ya keki, sukari na unga wa muhogo, ikikorogwa mpaka iwe nzito. Tuliipenda damu ile kuliko uji wa nyumbani. Kuna kijana mmoja alikuwa amekatwa koo kwenye hadithi, na mkipata ule mkanda mtazameni vizuri, mtamwona marehemu akijiramba shavu. Mamba mwenyewe alikuwa godoro kuukuu lililoshonewa magunia, meno yake vipande vya mabati, macho yake taa za nyuma za baiskeli, zile za kuakisi mwanga. Ndani yake waliingia vijana wawili ambao hawakupatana kamwe, kwa hiyo kiuno cha mamba kilikwenda huku na kichwa kikaenda kule. Sisi tulimwogopa. Tulimwona akishonwa, tukajua nani yumo ndani, na bado usiku hatukuthubutu kutoka kwenda msalani.

Filamu zenyewe zilionyeshwa kwenye banda la video pale sokoni siku ya soko, jenereta ikinguruma nje na madirisha yamezibwa kwa magunia. Asiyekuwa na senti aliingia kwa yai. Nje lilisimamishwa bango alilochora Abuto kwa mkono wake, na bango ndilo lililotumaliza. Lilikuwa na nyoka wa vichwa vitatu, mwanamke aliyevaa majani tu, na gari linalowaka moto likiruka juu ya ziwa. Ukiingia ndani hukuona hata mjusi. Mwanamke wa majani alikuwa amejifunga leso mbili na sweta. Gari lilisikika tu likinguruma, na aliyenguruma alikuwa Abuto mwenyewe, kwa mdomo, nyuma ya kamera. Mchungaji wetu alihubiri dhidi ya filamu hizo Jumapili nyingi, na alivyozieleza kwa undani tulijua kwamba alikuwa amekaa benchi la mbele.

Watu walimpenda Abuto kuliko alivyostahili, au labda alistahili na sisi hatukujua. Kaseti zake zilinakiliwa zikafika Migori, zikafika Isebania, zikavuka mpaka hadi Sirare. Madereva wa malori walizidai. Wabadilishaji pesa pale mpakani walikuwa wakisalimiana kwa maneno ya majini yake. Yeye alibaki vilevile, kofia ya jua kichwani, baiskeli isiyo na breki, na suruali yenye madoa ya damu ya muhogo ambayo ilimfanya apishwe njiani na wageni.

Alikuwa na sheria zake, na moja niwaeleze kwa sababu ndiyo iliyobeba kila kitu kilichofuata. Abuto hakuwa na taa. Mwanga wake ulikuwa jua, na jua lisipotosha alitumia kioo kikubwa cha kabati kilichopasuka pembeni. Mtu alikishika kioo, akalikamata jua, akalielekeza usoni mwa anayeigiza. Kwa kuwa hakuwa na watu wa kuajiri, kioo kilishikwa na yule ambaye hadithi imeshamaliza kazi naye. "Ukishakufa, shika kioo," ndivyo alivyosema, nasi watoto tulilisema neno hilo hata kwenye mchezo wa kati na kwenye mpira wa makaratasi. Aliyetolewa mchezoni aliambiwa akashike kioo.

Kaka yangu Okoth alikishika kuliko wote, kwa maana alikuwa bingwa wa kufa. Alikuwa na umri wa miaka kumi na saba hivi, mwembamba, mrefu, miguu yake ikitangulia na mwili ukifuata. Alipopigwa panga la mbao hakuanguka tu. Alizunguka, akashika ukuta, akasamehe watu, akamwita mama, kisha akalala, na akishalala aliinua kichwa tena kuangalia kama watu wanalia. Baba yetu alifariki nikiwa sijapata akili ya kumkumbuka, kwa hiyo Okoth ndiye aliyenifunga kamba za viatu, ndiye aliyenifundisha kuogelea mtoni, na ndiye aliyenipa nusu ya nyoyo yake, yale mahindi na maharagwe, akisema tumbo lake limejaa. Halikujaa. Nilikuja kuelewa nikiwa nimeshachelewa kumshukuru.

Mama alikuwa mchuuzi wa omena, wale dagaa wa ziwani. Aliwanunua kule kisiwani Takawiri na kwenye mialo ya nchi kavu, mitumbwi inapoegeshwa, akawapeleka Isebania, akakaa huko siku mbili tatu mpaka magunia yaishe. Tulibaki na nyanya, mama yake baba, ambaye tulimwita Dani kama wanavyoitwa kwetu. Mama hakuzipenda filamu. Alisema kufa si jambo la kufanyia mazoezi. Dani kwa upande wake alikuwa mzee wa kupenda mambo, na Abuto alijua mlango wa kupitia.

Ndipo ikaja filamu ya *Mkwe wa Mamba*. Hadithi yake ilikuwa ya kijana aliyezama ziwani asionekane, kumbe amechukuliwa na mamba aozeshwe binti yake, na kijana huyo aliigizwa na Okoth. Sasa ninyi wa kwetu mnajua, na msiojua niwaambie: mtu akipotelea majini na mwili usipatikane, hakuachwa hivihivi. Lilitafutwa yago, lile tunda refu zito la mwegea, likavikwa shuka, likaliliwa, likazikwa nyumbani mahali pake. Abuto alitaka maziko hayo yaonekane ya kweli. Hakuwa na boma la kuigizia wala wanawake wa kuajiri, kwa hiyo alimfuata Dani wakati Mama yuko Isebania, akiwa na nusu kilo ya sukari mkononi. Dani akakubali. Kaburi likachimbwa kwetu, kando ya nyumba yetu, pale hasa anapozikwa mwana asiyeoa.

Nilikuwepo. Nilikuwa mmoja wa watoto waombolezaji, nimefungwa kitambaa kichwani. Yago lilipoletwa, Abuto aliwaambia wanawake walie, wamtaje marehemu kwa jina la kwenye hadithi. Wakajaribu. Ilikuwa aibu. Walitoa sauti kavu, wakatazamana, wakacheka. Dani akaweka fimbo chini, akamwambia Abuto kwamba yeye ni mwanamke wa umri wake, hawezi kumlilia mtu asiye na baba wala mama. Hakuna mwanamke wa kwetu awezaye, kwa sababu unapolia unamtaja mtu kwa kwao, kwa mama yake, kwa ng'ombe wake, kwa njia aliyopita. Jina la kutunga huna pa kulishikia. Abuto akajikuna chini ya kofia, akaangalia jua linavyoshuka, akasema basi, lieni na jina la Okoth mwenyewe.

Wakalia. Mungu wangu, walilia. Dani alimwita Okoth mwana wa mwanawe, akamwita kwa jina la babu yake, akazunguka nyumba akiuliza nani atamfungia mlango akizeeka. Wanawake waliokuja kuazima moto walijiunga bila kuuliza. Mimi nilijua kwamba Okoth yuko hai, nilikuwa nimetoka kugombana naye asubuhi, na bado nililia mpaka kamasi zikanifika kidevuni. Abuto hakuwa na haja ya kurudia. Yago likashuka, udongo ukafukiwa, tuta likapangwa.

Mama aliporudi aliliona tuta kabla ya kutua mizigo. Aliuliza nani amekufa. Dani alijaribu kucheka akieleza, lakini kicheko kilimkatikia njiani. Mama hakufoka. Aliketi juu ya gunia tupu la omena, akamtuma mtu amwite Abuto, na alipofika akamwambia mbele yetu sote afukue lile tunda siku hiyohiyo. Abuto aliomba msamaha, akapiga magoti, akasema tuta analihitaji kidogo tu, kuna sehemu ya mwisho ambapo mamba anatokea pale. Baada ya hapo atafukua. Mvua zikaanza. Godoro la mamba likalowa, likahitaji kushonwa upya. Kila wiki ilikuwa wiki ijayo, na hatimaye hata Mama akachoka kulitazama.

Filamu ilikwisha, sehemu ya mwisho ikiwa imeigiziwa nyumbani kwa mtu mwingine, kwenye tuta la viazi. Kaseti zilitangulia Isebania, kwenye wateja wengi. Ndhiwa hazijafika bado, Mama akashikwa na malaria, na Okoth akaenda Takawiri badala yake kuchukua omena. Wakati wa kurudi upepo uligeuka, mtumbwi ukiwa umejaa magunia. Wengine walipatikana, wawili wakiwa hai. Okoth hakupatikana. Watu walizunguka na mitumbwi, wakaenda kuuliza mwalo hadi mwalo, Mama akakaa ufukweni hajala, homa yenyewe imemkimbia. Ziwa halikumrudisha.

Wakaja wazee wa ukoo. Mama alikuwa ameshatafuta yago mwenyewe, ameliweka mlangoni, limevikwa shuka jipya. Wazee walikaa chini ya paa la jikoni tangu asubuhi, wakibishana kwa sauti ya chini. Mwishowe akasimama mdogo wake babu, mtu mpole ambaye hata sasa siwezi kumchukia, akasema kwa Kiswahili kwa sababu chifu alikuwepo na hakuwa wa kwetu.

"Mama Okoth, huyu mtoto alishazikwa. Yago iko pale, jina iliitwa, wanawake walilia. Tukichimba ingine leo, hiyo ya pili tunachimbia nani?"

Kila mtu aliniangalia, kwa sababu mtoto aliyebaki nyumbani nilikuwa mimi peke yangu, na kaburi la pili lingekuwa langu. Mama akaniangalia pia. Akaliinua lile yago alilolileta, akalipakata kama anayetaka kulinyonyesha, akalirudisha porini yeye mwenyewe. Alisema neno moja tu alipopita mbele ya wazee.

"Basi mimi sikuwa kwa matanga ya mtoto wangu."

Hayo ndiyo aliyoishi nayo. Si kifo tu. Kifo alikipata pia kwa baba yetu na aliamka akakoroga uji. Kilichomkaba ni kwamba mwanawe alikuwa amezikwa, watu wamelia, udongo umefukiwa, na yeye alikuwa Isebania akipimia watu omena kwa kopo. Jioni tulipokuwa tukichambua omena alianza kuniuliza. Nani alilia kwanza? Dani. Nani alishika upande wa kichwa? Jirani yetu Baba Apondi. Shuka lilikuwa rangi gani? Nilimjibu, na kesho yake akauliza yaleyale, akitega sikio kama nitabadilisha kitu. Hakuniuliza Okoth mwenyewe alikuwa wapi wakati ule, nami haikunijia kumwambia. Kwetu watoto lilikuwa jambo linalojulikana. Picha yake hatukuwa nayo. Ile moja ya shule ililiwa na mchwa.

Na Abuto? Abuto alikufa akiwa anatembea. Alipanda ile baiskeli yake isiyo na breki, akapita banda kwa banda, Migori, Isebania, Sirare, akikusanya kaseti za *Mkwe wa Mamba*, akazichoma uani kwake. Harufu ya plastiki ilitufikia tukiwa darasani. Mamba alitupwa, akawa kitanda cha mbuzi. Kamera alisema imeharibika, na watu walipomletea fundi alikataa isifunguliwe. Akafungua kibanda cha kutengeneza redio, baadaye cha kuchaji simu, na miaka yote hiyo hakukubali kurekodi matanga ya mtu yeyote. Mama hakumlaani. Alimtoa tu kinywani mwake. Wakikutana njiani, Mama aligeuka akatazama mashamba mpaka yeye apite.

Mnaona jinsi mambo yanavyorudi. Mwaka jana binti yangu Achieng, aliye chuoni, alikuja nyumbani na simu yake. Vijana hawa mnawajua. Giza haliwatishi, mamba hawatishi, kinachowatisha ni betri kuonyesha alama nyekundu. Alikuwa anacheka mpaka amekaa sakafuni.

"Mathe, cheki huyu msee. Marehemu amekuja matanga yake mwenyewe."

Nikaangalia. Nilimwona Dani, ambaye alishafariki zamani, akizunguka nyumba yetu ya zamani ya udongo. Nikasikia sauti yake. Kisha kamera ikasogea upande mmoja zaidi ya ilivyotakiwa, na pale pembeni, nyuma ya waombolezaji, amesimama kaka yangu Okoth na kioo cha kabati begani. Nilimwomba Achieng azime. Aliniuliza nina nini, nikamwambia huyo ni mjomba wake. Achieng hakumaliza kicheko chake, kilimkauka usoni, nami nikamwonea huruma, maana angejuaje? Sikuwa nimemweleza kitu.

Kumbe mwenye banda mmoja wa kule Sirare alimdanganya Abuto kwamba kaseti imepotea. Mwenye banda alipofariki, watoto wake wakaiuza pamoja na takataka nyingine, ikaangukia kwa vijana wanaopenda vitu vya kale, na sasa Abuto alikuwa na wafuasi ambao hawajui hata kaseti inaingizwa upande gani. Walijiita Wakwe wa Mamba. Walikuwa na fulana zenye uso wa lile godoro. Walizijua filamu zake kwa moyo, kila kosa, kila sweta. Walikodi ukumbi wa kanisa mjini Homa Bay ili wamwonyeshe heshima akiwa hai, wakamwambia wataonyesha filamu ya majini. *Mkwe wa Mamba* waliificha, iwe zawadi ya kumshtua. Walidhani wanamrudishia kitu alichopoteza.

Nilimweleza Mama nikitarajia atakataa hata kusikia. Yeye sasa ni mzee, anatembea kwa kushika kuta, lakini alijua alichokuwa akingoja kuliko mimi. Alisema atakwenda. Nikamwambia watu watacheka, Mama, hao ni vijana, wanakwenda kucheka. Akanijibu kwa upole.

"Wacha wacheke. Mimi nataka kuona vile walizika mtoto wangu."

Alivaa gauni la kanisani na kitambaa cheusi. Tukaketi katikati, mimi na Achieng tumembana kila upande. Ilikuwa alasiri, madirisha yamefunikwa kwa vitambaa, na joto la ukumbi lilinuka njugu na manukato ya vijana. Mbele kabisa alikaa Abuto, mzee mwembamba aliyeazimwa koti. Hakutuona. Walimpigia makofi, wakampa kofia mpya ya jua, akaishika magotini bila kuivaa.

Filamu ilipoanza na jina lake likatokea, nilimwona akishtuka mabega. Vijana walishangilia. Walikuwa na desturi zao: mamba akitokea wanarusha njugu, gari likisikika wote wananguruma, na maziko yakifika wote wanalia kwa pamoja, kwa mzaha, wakijishika vichwa. Maziko yakafika. Ukumbi mzima ukalia. Na katikati ya kile kilio cha mchezo nikasikia kingine kikipanda kando yangu, chembamba, cha zamani, kinachomtaja mtu kwa kwao. Mama alikuwa amesimama. Alimtaja Okoth mwana wake wa kwanza, mwana wa mchuuzi wa omena, aliyetumwa na mama yake mgonjwa akaenda. Vijana wakadhani ni sehemu ya sherehe, wakampigia makofi, wakalia kwa nguvu zaidi wakimfuata.

Abuto aliijua ile sauti. Aligeuka, akamwona, akainuka akipepesuka kuelekea mashine. Alisimama mbele ya mwanga na maziko yote yakamwangukia kwenye koti, Dani akatembea kifuani pake. Alikuwa analia huku akipapasa waya apate wa kung'oa. Mama akanyamaza kulia, akamwita kwa jina, mara ya kwanza tangu nilipokuwa mtoto.

"Abuto, toka hapo. Usinizimie mtoto."

Ukumbi ukatulia. Sijui walielewaje, labda ni Achieng aliyekuwa amejiinamia akilia, labda ni uso wa yule mzee. Abuto akasogea kando, akashika ukuta. Kwenye kitambaa cheupe wanaume walikuwa wakifukia, vumbi likipanda, na kamera ikasogea upande ule. Hapo ndipo siku zote walipopiga kelele, marehemu, rudi kaburini. Siku hiyo hakuna aliyefungua mdomo. Okoth alisimama pembeni, kioo begani, muwa mdomoni, akilitazama kaburi lake na kucheka. Alicheka kwa sababu Dani alikuwa akimsifia ng'ombe ambao hakuwa nao. Jua lote la kioo kile alikuwa amewaelekezea waliokuwa wakimlilia. Kisha mtu akamwambia atoke, akatoka.

Mama alishika mkono wangu mpaka ukaniuma. Hakuwa amejua. Katika maswali yote yale hakuwa ameniuliza hilo, na mimi sikumwambia, na miaka yote aliyawaza maziko ambayo mwanawe yumo shimoni. Alisema, taratibu, kumbe alikuwepo. Kisha akawaambia vijana warudishe nyuma. Wakarudisha. Okoth akaja tena, akacheka, akaenda. Warudishe tena. Walimrudishia mpaka alipotosheka, na hakuna aliyenung'unika wala aliyetazama simu yake, na kwa hilo nimewasamehe Wakwe wa Mamba mengi.

Tulipotoka, Abuto alikuwa amekaa kwenye ngazi. Mama alisimama mbele yake muda, akamtazama badala ya kutazama mashamba. Alimuuliza kama ana chakula nyumbani. Akajibu kwamba anacho. Hayo tu ndiyo waliyosemezana, na wiki chache baadaye Abuto akatutoka. Vijana walitaka kurekodi matanga yake na familia ikakataa.

Enzi zetu ukitaka kumwona mtu tena ilibidi ungojee siku ya soko, ubebe yai, ukae gizani na wenzako, na mkanda ukiisha ameondoka. Tulikuwa na damu ya muhogo na kaka wa kutugawia nyoyo, na tulilia kwa pamoja hata tulipokuwa tukidanganyana. Siku hizi kila mtu anacheka peke yake na waya masikioni, na maiti wetu wamo mifukoni mwa watu wasiowajua. Sijui kipi ni bora. Zamani nilijua.

Jumapili iliyopita nilikwenda kumtazama Mama. Tuta lile limeshakaa sawa na ardhi kwa miaka mingi, hakuwahi kulipalilia, lakini nilimkuta ameketi kando yake kwenye kigoda, ameng'oa magugu, na simu ya Achieng iko mikononi mwake. Achieng amemfundisha kusimamisha picha kwa kidole. Alikuwa ameisimamisha pale ambapo Okoth anacheka. Nilikaa chini karibu naye, tukamtazama pamoja. Kisha akaniuliza kama chaji itafika jioni.